Asali ya manuka na asali ya kwetu: ipi ni dawa, na ya nini?

Mtu wa Pwani hahitaji kuambiwa kwamba asali ni dawa. Tumekua tukiilamba na habasoda, tukiitia katika maji ya ndimu kifua kinapobana, na Sura ya An-Nahl imeitaja kuwa ni tiba. Jamaa zetu waliohamia Nairobi wamekwenda na imani hiyo hadi Kibera na Kawangware. Huko wanakuta asali za aina mbili: ya Baringo, Kitui au Pokot Magharibi iuzwayo sokoni, na kopo dogo la manuka kutoka ng'ambo, ambalo bei yake yaweza kumaliza ujira wa kibarua wa siku kadhaa. Je, tofauti ya bei ni tofauti ya uponyaji?

Manuka ni nini?

Ni asali ya nyuki waliofyonza maua ya mmanuka, kichaka kinachoota New Zealand na sehemu za Australia. Asali yoyote halisi hupambana na vijidudu. Ina sukari nyingi na maji machache, kwa hiyo hunyonya maji kutoka kwa bakteria. Ina asidi. Tena, ikichanganyika na majimaji ya kidonda, kimeng'enya kilichotoka kwa nyuki hutengeneza haidrojeni peroksaidi, dawa ya kuua vijidudu.

Manuka ina nyongeza. Peter Molan wa Chuo Kikuu cha Waikato aligundua miaka ya 1980 kwamba nguvu yake hubaki hata peroksaidi ikiondolewa. Mwaka 2008 watafiti wa Dresden, Ujerumani, walionyesha sababu kuu ni kemikali iitwayo methiliglioksali. Ndiyo maana ya herufi MGO kwenye kopo.

Kikohozi

Hapa huhitaji manuka. Mwaka 2018 Uingereza ilitoa mwongozo kwamba kikohozi cha kawaida kijaribiwe kwanza kwa asali kabla ya antibiotiki. Asali safi yoyote yatosha: kijiko kimoja kabla ya kulala. Kikohozi kikizidi wiki mbili, au kikija na damu, homa au kukonda, nenda kapimwe kifua kikuu.

Majeraha ya moto

Hapa ndipo penye hatari. Katika nyumba nyingi za Kibera na Kawangware, chumba kimoja ndicho jikoni na ndicho cha kulala. Stovu ya mafuta taa na sufuria ya chai viko sakafuni, na mtoto anatambaa.

Ni kweli kwamba asali husaidia. Uchambuzi wa tafiti uliotolewa na Cochrane mwaka 2015 ulionyesha kwamba majeraha ya moto yasiyo ya kina yaliyofungwa kwa asali yalipona mapema kwa siku nne au tano kuliko yaliyofungwa kwa bandeji za kawaida. Lakini asali ya hospitali, ya manuka au nyingine, husafishwa kwa miale ya gama ili kuua vijidudu vilivyojificha ndani yake. Asali ya chupa, hata manuka ya kula, haijapitia hayo, na ya sokoni yaweza kuwa na vumbi au sukari iliyochanganywa.

Mtoto akiungua, mpozee kwa maji safi ya baridi, yasiyo ya barafu, kwa dakika 20. Kama hakuna bomba, mimina polepole kwa kopo. Usipake asali, dawa ya meno, unga wala yai. Funika kwa kitambaa safi, umpeleke hospitali: Mbagathi iko karibu na Kibera, na Hospitali ya Kenyatta ina kitengo cha majeraha ya moto.

Nani asipewe?

Mtoto chini ya miezi 12 asilambishwe asali kamwe, hata tone la kumkaribisha duniani. Yaweza kuwa na mbegu za bakteria wa botulizimu, ambao hulegeza misuli ya mtoto hadi ashindwe kunyonya na kupumua. Kuichemsha jikoni hakuui mbegu hizo, na manuka haina kinga.

Mwenye kisukari naye ajue kwamba kijiko kikubwa cha asali kina takriban gramu 17 za sukari. Wanaouza manuka kama dawa ya kisukari, saratani au vidonda vya tumbo wanapita mipaka. Kuua vijidudu katika maabara si sawa na kumponya mtu.

Kununua bila kudanganywa

Kipimo cha kiberiti, cha tone ndani ya maji au cha kidole si cha kutegemewa. Asali kuganda si dalili ya ubandia. Asali nyingi halisi huganda. Tafuta alama ya ubora ya KEBS, au nunua kwa mfugaji unayemjua. Kwa manuka, angalia kiwango cha MGO au UMF. Tangu 2018 New Zealand hutaka asali ya kuuzwa nje kwa jina hilo ipimwe kemikali nne na vinasaba vya mmanuka.

Kwa kifua cha nyumbani, asali ya Baringo inatosha. Pesa inayobaki iwe akiba ya nauli ya hospitali siku sufuria itakapomwagika.