Uzi Mnene na Sauti Nzito

Chini ya nyanda za juu za Mbulu, katika bonde la Yaeda, Wahadzabe wamekuwa wakisokota pote za mata yao kwa kano za wanyama wa mwituni. Kano hukaushwa, hupasuliwa nyuzinyuzi, kisha husokotwa mpaka upote uweze kustahimili uta mgumu. Upote ule hausokotwi ili uimbe. Lakini mtu akiuvuta kidogo kwa kidole na kuuachilia hulia, na mwenye sikio atatambua upesi kwamba upote mrefu hulia kwa sauti nzito kuliko mfupi, mnene kuliko mwembamba, na uliolegea kuliko uliokazwa. Elimu yote ya nyuzi za muziki imo katika mambo hayo matatu: urefu, uzito na mkazo.

Kijana wa leo aliye Bashay, mwenye gita la umeme na hamu ya kuliteremsha mpaka lingurume, anauliza swali la zamani sana: atie uzi gani? Pakiti anayoipata dukani imekwisha kumjibu kabla hajauliza. Nyuzi zilizomo zimepimwa kwa mpango mmoja wa sauti, ule unaoanzia E, na akiuacha mpango huo pakiti haimtumikii vema. Historia ya nyuzi katika Afrika ya Mashariki, ikitazamwa kwa upande huu, ni historia ya mpigaji aliyekuwa akichagua uzi kwa kufuata koo lake mwenyewe, kisha akaja akalazimika kulifuatisha koo lake kwa uzi aliouziwa.

Maandiko ya kale juu ya jambo hili yanatoka katika nchi za Waarabu, ambako udi wa pwani yetu una asili yake. Al-Kindi, mwanafalsafa aliyeishi Iraq katika karne ya 9, alieleza jinsi nyuzi nne za udi zinavyopasa kuwa. Uzi wa sauti nzito kabisa, uitwao bamu, aliutaka uwe wa utumbo uliosokotwa mara nne. Unaoufuata mara tatu. Wa tatu mara mbili, na wa mwisho uwe mmoja tu, hizi mbili za juu zikiwa za hariri. Hesabu hii si ya kubahatisha. Nyuzi nne za namna moja zikisokotwa pamoja huwa na uzito mara nne wa uzi mmoja, na mkazo ukiwa ule ule sauti hushuka oktava moja kamili. Baina ya bamu na uzi wa juu kabisa wa udi ule palikuwa na kadiri ya oktava moja na kidogo. Hicho kidogo kilichobaki kilimalizwa kwa kukaza. Na katika kisa kilichosimuliwa baadaye huko Andalusia, Ziryab, mwanamuziki mashuhuri wa karne hiyo hiyo, alitengeneza bamu yake kwa utumbo wa mwanasimba. Kama ni kweli au ni majivuno ya wasimulizi, kisa chenyewe chaonyesha kwamba uzi mzito ulikuwa ndio uliomshughulisha fundi kupita nyingine. Udi huo huo, na kanuni pamoja nao, ndio uliokuja kulia Unguja katika taarabu, ambamo chama cha Ikhwani Safaa kiliundwa mwaka 1905.

Barani mambo yalikwenda kwa njia nyingine. Wakuria wa Mara wana iritungu, na Wagusii wa ng'ambo ya mpaka wana obokano, vinanda vikubwa vyenye nyuzi nane, ambavyo zamani vilitiwa kano au utumbo wa ng'ombe. Obokano imekwisha kuitwa besi kubwa ya Afrika ya Mashariki, na anayeisikia kwa mara ya kwanza hutafuta kwa macho mahali sauti ile inapotokea. Vinanda vya ukoo huu havina mpango mmoja wa sauti ambao kila mpigaji sharti aufuate: mwimbaji hukaza na kulegeza mpaka nyuzi zikakutana na koo lake. Ikiwa koo ni zito, uzi ulio mwembamba utalegea mno ukose nguvu, basi fundi husokota mwingine ulio mnene zaidi. Hapana pakiti wala kipimo cha inchi; pana ng'ombe aliyechinjwa, na mkono uliozoea.

Ipo pia hoja ya kukereza, ambayo wapigaji wa gita wa siku hizi huihesabu kuwa aibu. Uzi uliolegea hucheza upana mkubwa, ukagusa visivyopasa kuguswa, ukatoa mlio wa nyuki. Huko Ethiopia mlio huo hutafutwa kwa makusudi. Begena yenye nyuzi kumi, inayopigwa katika sala, hutiwa vipande vya ngozi baina ya uzi na daraja ili kila uzi ukereze, na pasipo mkerezo huo Wahabeshi hawaioni kuwa begena. Kwa hiyo anayesema kwamba uzi uliolegea ni uzi mbovu anasema habari za ala yake, wala hasemi habari za nyuzi zote.

Badiliko kubwa lilikuja na nailoni. Ilibuniwa Marekani mwaka 1935, na baada ya Vita Kuu ya Pili mishipi ya kuvulia ya nailoni ikaenea katika maziwa na pwani, ikaingia katika nyatiti, katika obokano na katika ala nyingine nyingi. Haiozi, haipandi wala kushuka kwa unyevu kama utumbo, na hupatikana bila kuchinja. Lakini nailoni ni nyepesi kuliko utumbo, hata mshipi wenye unene ule ule hulia juu zaidi kwa mkazo ule ule, na anayetaka sauti ya kale hana budi kuchagua mshipi ulio mnene kwa kadiri ya saba katika mia. Hilo ni rahisi kurekebisha. Lisilorekebishika kwa wepesi ni kwamba kijana aliyekulia katika mishipi hajifunzi kusokota kano, na ujuzi huo ukiisha katika kizazi kimoja hauuzwi dukani.

Gita lilipoenea katika miaka hiyo hiyo, mengine yakiwa ya bei nafuu kutoka viwanda vya Afrika ya Kusini, lilikuja na nyuzi za chuma zilizokwisha kupangwa. Mwaka 1952 Hugh Tracey alimrekodi Mwenda Jean Bosco huko Jadotville, mji uitwao sasa Likasi, na katika upigaji wake mtu husikia jinsi kidole gumba kinavyozifanya nyuzi nene zijibizane na nyembamba kama watu wawili. Wasioweza kununua gita walijiundia kwa mbao na bati, wakatia waya wa breki ya baiskeli uliofumuliwa. Waya huo ulikuwa na kasoro yake: nyuzi zake zina unene mmoja. Hapo sauti nzito haipatikani ila kwa kulegeza, na uzi wa chini wa gita la namna hiyo hulia kwa udhaifu, kana kwamba unaona haya.

Wala si kweli kwamba kila mpigaji aliitii pakiti. Katika bendi za Kongo palizuka gita lililoitwa mi-composé, ambalo uzi wake wa nne huondolewa ukatiwa mwembamba unaolia oktava moja juu. Ni kinyume cha kuteremsha, lakini ni uasi ule ule.

Kanuni yenyewe iliandikwa na Marin Mersenne, padre wa Ufaransa, mwaka 1636. Uzi wa chini wa gita, E, hutetemeka kadiri ya mara 82 kwa sekunde. Ukiteremshwa mpaka D, bila kubadilishwa, hubakiwa na mkazo wa asilimia 79 tu. Ukiteremshwa mpaka B hubakiwa na asilimia 56, na hapo ndipo unapoanza kuyumba, sauti yake ikipanda kila unapopigwa kwa nguvu kisha ikashuka. Anayetaka mkazo wake wa awali itampasa abadili unene: uzi wa kawaida wenye sehemu 46 katika elfu ya inchi atautoa, kwa D atie wa 52, na kwa B wa 60 au 62. Unene nao una mpaka wake. Uzi mnene ukiwa chuma kitupu huwa mgumu kama fimbo, na sauti zake za juu huacha kupatana na ile ya chini. Ndiyo maana, tangu karne ya 17, mafundi wa Ulaya walianza kuuviringishia uzi mwembamba waya mwingine kwa nje: uzito huongezeka na ulaini ukabaki. Kwa sababu hiyo hiyo anayeteremsha gita lake sana hufanya vema kuchagua hata uzi wa tatu ulioviringishiwa, maana ule mtupu ukinenepa hupoteza ung'avu. Au huchagua gita lenye shingo refu zaidi, la inchi 27 na kupita, badala ya 25 na nusu zilizozoeleka, na hapo hahitaji unene mwingi hivyo. Hili la urefu ndilo linaloelekea kuwa bora, ila gita huuzwa ghali kuliko pakiti.

Ajabu ni kwamba ngurumo hii ya magita ya umeme ilianza kwa uzi mwembamba. Tony Iommi wa Birmingham alikatwa ncha za vidole viwili na mashine ya kiwanda mwaka 1965, nazo zilikuwa za mkono unaobana nyuzi. Alitafuta nyuzi laini, akatumia hata za banjo, na katika sahani ya mwaka 1971 bendi yake iliteremsha magita nusu-hatua tatu, mkazo ukapungua kwa karibu asilimia 30. Alichokitafuta ni nafuu ya maumivu. Waliomfuata walisikia uzito wa sauti tu, wakateremsha zaidi, na wakaja kugundua kwamba uzi mwembamba haustahimili kishindo chao. Hata Nairobi na Kampala wamo wanaopiga muziki huo leo.

Kijana wa Bashay, basi, akiisha kuagiza nyuzi nene kutoka mjini, atakuta kazi haijesha. Uzi wa 60 hauingii katika mfuo uliochongwa kwa uzi wa 46. Hukaa juu, na sauti huwa kali kila anapobana karibu na kichwa cha gita. Itambidi aupanue mfuo kwa tupa ndogo, kidogo kidogo, akijaribu uzi kila mara, kisha akaze uti wa chuma ulio ndani ya shingo ikiwa umepinda kwa mkazo mpya, na kulirudisha nyuma daraja la uzi huo. Akizidisha tupa, uzi utazama na kukereza, na hakuna pakiti itakayomponya. Hapo atatafuta kipande cha mfupa wa ng'ombe, kitu kisicho adimu katika nchi ya Mbulu na Hanang, na kuchonga kidaraja kingine.