Wakili wa Gem

Wengi wapitao barabara ya Argwings Kodhek jijini Nairobi hawamjui mwenye jina. Marehemu Clement Argwings-Kodhek, mzaliwa wa Gem, alisomea sheria Uingereza, akawa wakili wa kwanza Mwafrika nchini Kenya. Nilipokuwa nikifundisha historia chuoni, wanafunzi waliniuliza juu ya uwaziri wake. Mimi niliwarudisha mahakamani. Maana wakati wa Hali ya Hatari, kukutwa na risasi tu kuliweza kumfikisha mtu kitanzini, na waliohukumiwa kwa makosa ya Mau Mau wakanyongwa walizidi 1,000. Kuwatetea watu hao mbele ya hakimu Mzungu kulitaka moyo.

Siasa haikumlipa upesi. Machi 1957 wapiga kura wa Nairobi walimchagua Tom Mboya, kijana asiyekuwa wakili. Wapo wanaowaita wasio na shukrani. Sikubaliani nao, Mboya alikuwa na vyama vya wafanyakazi nyuma yake. Kodhek aliingia Bungeni mwaka 1963 kwa kura za kwao Gem, akapanda hadi Waziri wa Mambo ya Nje. Januari 1969 akafa kwa ajali ya gari Nairobi. Mwezi Mei, Gem ikampa kiti chake mpinzani wa serikali, Wasonga Sijeyo wa KPU.