Kupinda Kushoto

Katika nchi yetu, kupinda kushoto huhesabiwa kuwa ndiyo kona rahisi kuliko zote. Anayepinda kulia hana budi kungoja magari yanayotoka mbele yapite, kisha akate upande wa wenzake. Anayepinda kushoto hamkatii mtu njia. Hubaki upande wake tangu mwanzo hadi mwisho. Ukimwuliza mwanafunzi wa udereva atakujibu kwa pumzi moja: jisogeze kushoto mapema, onyesha ishara, punguza mwendo, pinda. Yamekwisha. Lakini mambo ambayo watu huyaita rahisi mara nyingi yana historia ndefu, na si mara chache yana makaburi yake pia. Kwa sababu hiyo nimeona nitumie kurasa chache za kitabu hiki kuizungumzia kona hii.

Wazee wetu wa Marangu hawakujua kushoto wala kulia kwa njia. Vijia vilivyopita kati ya vihamba vilikuwa vyembamba, huku migomba, huku mfereji wa maji, na watu wawili wakikutana ilibidi mmoja asimame kando. Nani asimame? Sheria ilikuwa mzigo na umri. Mama aliyebeba mkungu wa ndizi kichwani akielekea sokoni alipishwa na asiye na kitu, na kijana alimpisha mzee, tena kwa kumwamkia. Misafara iliyotoka pwani nayo ilikwenda mmoja nyuma ya mwingine. Rebmann alikuja kwa miguu mwaka 1848 akauona mlima wetu na theluji yake. Hans Meyer naye alipokaribishwa na Mangi Marealle hapa Marangu, kabla ya kufika kileleni mwaka 1889, alipita katika vijia hivyo hivyo. Hakuna aliyehitaji kuulizwa anashika upande gani, maana njia haikuwa na pande.

Hata lugha yetu inatuonyesha kwamba mikono ilikuwa na kazi nyingine. Mkono wa kulia ni mkono wa kulia chakula, na wengine huuita mkono wa kuume. Ule wa kushoto ulionekana dhaifu, haupokei zawadi wala hautoi salamu. Ilipokuja barabara, mkono huu uliodharauliwa ndio uliopewa heshima ya kuongoza safari zote.

Magari yalikuja polepole. Mjerumani Paul Graetz aliondoka Dar es Salaam kwa gari mwezi Agosti 1907, akafika Swakopmund, pwani ya magharibi ya Afrika, mwezi Mei 1909. Mtu aliyehitaji miezi zaidi ya ishirini kuvuka bara hakusumbuliwa na swali la upande gani ashike; tatizo lake lilikuwa kupata barabara yenyewe. Kwetu huku uchumi ulikwenda kwa reli, iliyofika Moshi kutoka Tanga mwaka 1911.

Vita Kuu ya Kwanza ndiyo iliyoamua. Koloni la Wajerumani lilipogawanywa, Tanganyika iliwekwa chini ya Uingereza, na Ruanda na Urundi zikawekwa chini ya Ubelgiji. Waingereza walikuwa na desturi ya kushoto tangu zamani. Mwaka 1722 wakuu wa jiji la London waliamuru magari ya farasi yashike kushoto katika daraja la London ili msongamano upungue, na mwaka 1835 sheria ya Bunge ikaifanya desturi hiyo kuwa amri ya nchi. Wabelgiji walishika kulia, kama Wafaransa. Hivyo nchi zilizokuwa chini ya bendera moja zikatenganishwa si kwa mpaka wa ramani tu, bali kwa mpaka wa mikono. Hadi leo dereva wa lori anayetoka Dar es Salaam kwenda Kigali hushika kushoto mpaka Rusumo, na akishavuka mto Kagera hushika kulia. Usukani wake haukuhama, bado uko upande ule ule, ila sasa anakaa karibu na ukingo wa barabara, na ile kona aliyoiita rahisi imegeuka kuwa ngumu.

Asidhani mtu kwamba jambo hili ni la milele. Nchi huhama. Sweden ilihama kutoka kushoto kwenda kulia tarehe 3 Septemba 1967, usiku mmoja, baada ya maandalizi ya miaka. (Mwaka huo huo, mwezi Februari, sisi kwa Azimio la Arusha tulikuwa tunapinda kushoto, lakini hiyo ni kona ya namna nyingine.) Sierra Leone ilihamia kulia mwaka 1971, Nigeria 1972 na Ghana 1974, kwa kuwa zilizungukwa na majirani walioshika kulia. Samoa ilifanya kinyume mwaka 2009. Ilihamia kushoto ili wananchi wapate magari ya bei nafuu kutoka Australia na New Zealand. Msumbiji nayo ilibaki kushoto hata pale Ureno ilipohamia kulia mwaka 1928, kwa sababu majirani zake walishika kushoto. Fundisho lake ni wazi. Upande wenyewe hauna utakatifu wowote. Kilicho na thamani ni mapatano: mimi nikijua utakapokuwa, nawe ukijua nitakapokuwa, tutafika nyumbani wote wawili.

Watu wetu waliyapokea mapatano hayo kwa njia yao, na ushahidi uko katika lugha. Waingereza walipojenga duara katikati ya makutano ya barabara, waliweka pale kibao chenye maneno mawili ya Kiingereza yanayomwamuru dereva ashike kushoto. Wananchi waliyasikia maneno yale wakadhani, au wakaamua, kuwa ndilo jina la kitu chenyewe. Ndipo tukapata kipilefti. Na kwa kuwa neno lilianza na ki-, likaingia bila ubishi katika ngeli ya kitabu na kiti: kipilefti kimoja, vipilefti viwili. Nilipokuwa nikifundisha Kiswahili chuoni nilipenda kuwaonyesha wanachuo mfano huo pamoja na ule wa madigadi, ambayo tumeyapatia umoja wake, digadi, ingawa ile ma- ya mwanzo ilikuja na neno lenyewe kutoka ng'ambo. Amri ya Mwingereza imekufa, jina limebaki. Pale Mnara wa Saa mjini Moshi watu huagana wakutane kwenye kipilefti bila kukumbuka kwamba wanatamka amri.

Nayo amri ile ina hekima. Katika kipilefti hata anayetaka kwenda kulia lazima aanze kwa kushika kushoto, azunguke duara mpaka afikie njia yake. Pale palipo na leni mbili, anayepinda kushoto mara moja hukaa leni ya nje, na anayekwenda kulia hukaa ya ndani, karibu na duara. Anayeingia humpisha aliyekwisha kuwamo, ambaye hutokea mkono wake wa kulia. Uingereza yenyewe ilikuja kuifanya hiyo kuwa kanuni ya nchi nzima mwaka 1966. Kabla yake vipilefti viliweza kujifunga kabisa, kila mmoja amemziba mwenzake. Siri ya yote ni kuchagua leni kabla ya kufika. Anayezinduka katikati ya duara kwamba alitaka kushoto huwakata waliomwamini.

Kupinda kushoto kuna ugumu mwingine ambao vijana wa leo hawaujui. Zamani magari mengi hayakuwa na indiketa za kutegemea, na dereva alionyesha ishara kwa mkono. Kwa kuwa usukani uko kulia, mkono wake wa kulia ndio uliotoka dirishani. Kupinda kulia kulikuwa kazi nyepesi: aliunyosha tu. Lakini kushoto angeonyeshaje, na dirisha la kushoto liko mbali? Kanuni ilimtaka auzungushe mkono ule ule wa kulia kama anayekoroga chungu. Waliokuwa nyuma walihitaji kuijua lugha hiyo ndipo waelewe. Katika malori ya kahawa na mabasi ya siku zile kazi iliangukia kwa utingo, ambaye alining'inia mlango wa kushoto, akatoa mkono wake na kupiga bodi ya gari. Utingo alikuwa jicho la kushoto la dereva. Gari lilipopata taa, utingo akaondolewa kazi hiyo, na jicho lile likafumba.

Hapa ndipo nilipokuwa nakusudia kufika. Ukitoka Moshi kuja kwetu unapita mahali panapoitwa Njia Panda, kabla ya Himo. Ndipo barabara ya Dar es Salaam inapoungana na hii ya kwetu. Mabasi yanayotoka Dar hupinda kushoto pale kuelekea Moshi na Arusha. Mbele kidogo, Himo penyewe, anayekwenda Holili na Kenya husonga mbele, na anayepanda Marangu hupinda kushoto. Simama hapo siku ya soko uangalie. Lori refu lenye tela likitaka kupinda kushoto halianzi kushoto. Hujitanua kwanza kuelekea kulia, kwa sababu magurudumu ya nyuma hayafuati nyayo za yale ya mbele. Hukata kwa ndani, karibu na ukingo. Asiyejua huona lori limeelekea kulia na kuacha nafasi kubwa kushoto, akajisemea: njia ni nyeupe. Akaingia. Kisha nafasi inaanza kufumba.

Mwalimu mmoja niliyemfundisha alifia katika nafasi kama hiyo, kwenye njia panda moja ya mkoa wetu, akiwa abiria wa bodaboda. Alikuwa anawahi kipindi cha kwanza. Dereva wa lori alikuwa ametoa indiketa ya kushoto; kijana wa pikipiki aliona gari linakwenda kulia, akaamini macho yake kuliko taa. Darasa lake la tatu lilikaa asubuhi nzima likimngoja, na walionisimulia walisema kiranja alikuwa amekwisha andika tarehe ubaoni. Siandiki haya ili kumhukumu mtu. Nayaandika kwa kuwa hakuna hata mmoja kati yao aliyefanya jambo ambalo hatujaliona likifanywa mara mia, na watu wakapona.

Kuna hatari ya pili, na hii humhusu mwenda kwa miguu. Dereva anayepinda kushoto kuingia barabara kuu hutazama kulia, kwa kuwa magari hutokea huko. Macho yako kulia, gurudumu liko kushoto. Mtoto wa shule anayevuka mdomo wa barabara upande wa kushoto yumo katika mahali pasipotazamwa na mtu. Mataifa yaliyokutana Vienna mwezi Novemba 1968 kuandika mkataba wa kanuni za barabarani yaliliona hili: anayepinda upande wake ashike ukingo kwa karibu na akate kona fupi, na asiwaingilie wanaovuka barabara anayoiingia. Sheria yetu ya Usalama Barabarani ni ya mwaka 1973, na wengi wetu tumeishi chini yake karibu maisha yote. Lakini sheria haina macho. Macho ni ya dereva.

Walimu wa shule za msingi huwafundisha watoto watazame kulia, kisha kushoto, kisha kulia tena ndipo wavuke. Niliwasisitizia wanachuo wangu wasiifundishe kama kasuku. Mtoto aambiwe sababu: gari la kwanza kumfikia litatokea kulia kwake, kwa kuwa tunashika kushoto, mtoto wa Rwanda hufundishwa kuanza kushoto. Akishajua sababu, ataweza kuongeza mwenyewe lile ambalo wimbo haumwambii, kwamba penye makutano kuna gari la nne, lile linalopinda kutoka nyuma yake. Na mwendesha pikipiki naye aambiwe sababu: usiingie kati ya gari refu na ukingo, hata nafasi ikiwa pana kama uwanja. Upana ule ni mwanzo wa kona.

Siku hizi mambo makubwa yamejengwa. Dar es Salaam ina mabasi yaendayo haraka tangu mwaka 2016, yanayopita katikati ya barabara, na daraja la juu la Mfugale pale Tazara lilifunguliwa mwaka 2018. Ni kazi za kujivunia, na zimefanywa zaidi kwa ajili ya wanaokwenda moja kwa moja na wanaopinda kulia, maana hao ndio wanaoonekana kuwa na shida. Anayepinda kushoto ameachiwa ujuzi wake mwenyewe.

Wahenga walisema njia mbili zilimshinda fisi. Alisikia harufu ya nyama pande zote za njia panda, akapeleka mguu huku na mguu huku, akapasuka msamba. Kosa la fisi halikuwa kuchagua njia mbaya. Zote mbili huenda zilikuwa na nyama. Kosa lake ni kufika njia panda kabla ya kuchagua. Basi, ndugu msomaji, utakapokuwa unashuka kutoka milimani kwetu au unapanda kuja kutuona, chagua upande wako mita nyingi kabla ya kona, waonyeshe wenzako ulichochagua, na kabla hujauzungusha usukani, geuza shingo utazame kule kushoto ambako utingo hayupo tena.