Mnada wa serikali hauuzi udongo: historia fupi ya parsele zinazouzwa kwa sababu ya deni



Mtu akisikia kwamba parsele ya mdaiwa wa kodi itauzwa mnadani, huwaza haraka: muuzaji ni serikali, basi hakuna hatari. Familia iliyokimbia vita huogopa kinyume: labda parsele yetu itauzwa sisi tukiwa mbali. Jibu kwa wote wawili liko katika historia ya sheria za ardhi yetu.

Tarehe 1 Julai 1885, utawala wa mfalme Léopold II uliamuru kwamba ardhi isiyo na mwenyewe ni ya serikali. Shamba lililopumzishwa na pori la kuwinda vilihesabiwa kuwa vitupu. Kisha ukaletwa mfumo wa Torrens, uliozaliwa Australia ya Kusini mwaka 1858: haki ya ardhi inasimama juu ya kitabu cha serikali. Wazee wetu walijua mpaka kwa mti, kwa mto na kwa mashahidi. Kitabu hakikuwajua mashahidi hao.

Baada ya uhuru, sheria ya Bakajika ya 1966 ilirudisha mikononi mwa serikali ardhi zilizotolewa na wakoloni. Halafu ikaja sheria ya 20 Julai 1973, iliyorekebishwa 1980. Kifungu cha 53 kilisema udongo ni mali ya serikali peke yake, na hauuzwi. Raia anapata haki ya kuutumia: mtu wa uraia wa Kongo anaweza kuipata bila mwisho, wengine kwa miaka isiyozidi 25, na inaweza kurudiwa. Haki hiyo inathibitishwa na cheti cha uandikishaji, ambacho sisi twaita sertifika.

Maana yake ni nini? Hata mnadani, mnunuzi hanunui udongo. Ananunua haki ya mdaiwa pamoja na nyumba iliyojengwa juu yake. Na mkono wa serikali peke yake si ngao. Tarehe 30 Novemba 1973 Mobutu alitangaza kwamba mashamba na maduka ya wageni yatapewa wazalendo. Kufikia 1976 serikali ilikuwa imekubali kuwarudishia wenyewe wa kwanza. Waliopokea walidhani wamepata milele.

Tuje kwenye minada yenyewe. Zamani, benki iliyoandika sharti hilo katika mkataba iliweza kuuza nyumba ya mdaiwa bila hukumu. Mwaka 2012 Kongo iliingia OHADA, na sheria yake ya 1998 kuhusu kulipisha madeni ilifuta mapatano ya namna hiyo. Mdaiwa lazima apewe onyo kwa maandishi, naye alipewa siku 20 za kulipa. Masharti ya mauzo yanawekwa kwa karani wa tribinali ili kila mtu ayasome. Bei ya kuanzia haikuruhusiwa kushuka chini ya robo ya thamani. Hata baada ya mnada, mtu mwingine alikuwa na siku 10 za kuongeza angalau sehemu moja ya kumi ya bei, na mnada ukarudiwa. Sheria hiyo ilirekebishwa 2023, kwa hiyo muulize karani muda unaotumika leo.

Kwa mnunuzi, neno zito zaidi ni hili: mnada hauhamishi haki nyingine isipokuwa ile aliyokuwa nayo mdaiwa. Kama parsele haikuwa yake, pesa yako haiifanyi kuwa yake. Basi kabla ya kuinua mkono, nenda kwa konservateri wa ardhi uangalie sertifika ni ya nani, na kama kuna deni au kesi juu yake. Una haki ya kusoma masharti yote. Ukishinda, lipa kwa wakati, maana asiyelipa huuziwa mwingine. Chukua risiti, kisha peleka hukumu ya mnada kwa konservateri upate sertifika kwa jina lako. Bila karatasi hiyo, safari haijafika.

Kwa familia iliyohama, Katiba ya 2006, kifungu cha 34, inasema mali ya mtu ni takatifu, iwe ilipatikana kwa sheria au kwa desturi, na hakuna anayekamatiwa mali bila uamuzi wa mahakama yenye mamlaka. Kodi ya serikali nayo iko chini ya neno hilo. Lakini saa inakwenda. Kwa sheria ya ardhi, miaka miwili ikipita tangu mtu apewe sertifika, kwa kawaida hawezi tena kunyang'anywa. Unabaki kudai fidia tu. Ukisubiri amani ndipo uulize, huenda ukachelewa.

Mwenye shamba la kimila ana udhaifu zaidi. Sheria ya 1973 iliahidi amri ya rais ya kupanga haki zake, na miaka mingi ilipita bila amri hiyo. Aandike majina ya majirani, mipaka na mashahidi, na nakala zikae mahali pawili.

Mliokimbia na karatasi, zitunzeni. Mliozipoteza, mtumeni ndugu aliyebaki, au avoka, akaulize kwa konservateri kama jina lenu lingali kitabuni.