Mvua ya Kopo: Aparna Sen na Haki ya Kutazama

Mwaka 1960, mpiga picha wa New Zealand, Brian Brake, alimsimamisha binti wa miaka 14 juu ya paa mjini Calcutta ili apate picha ya masika. Binti kafumba macho, kainua uso, matone yametapakaa mashavuni. Maji yale hayakutoka mawinguni. Yalimwagwa kwa kopo la kumwagilia maua. Picha ikachapishwa katika jarida la Life, ikazunguka dunia kama sura ya India. Binti huyo ni Aparna Sen, aliyekuja kuwa mwigizaji na mwongozaji wa filamu.

Naanzia hapo kwa makusudi, kwa kuwa ni rahisi mno kuanzia kwa baba yake. Chidananda Dasgupta alikuwa mhakiki wa filamu, na mwaka 1947 alishirikiana na mwongozaji Satyajit Ray kuasisi Chama cha Filamu cha Calcutta. Ray huyohuyo ndiye aliyempa Sen nafasi ya kwanza ya kuigiza, katika Teen Kanya (1961). Asiyelelewa katika nyumba ya namna hiyo angesota sana kabla mswada wake haujasomwa na mtu yeyote mwenye uzito. Hilo nalikubali bila kinyongo. Lakini ukoo unaeleza jinsi mlango ulivyofunguliwa tu. Hauelezi alichokwenda kukitazama alipokwisha kuingia. Dai langu ni kwamba shule kubwa ya Sen ilikuwa ile miaka 20 ya kutazamwa: kuambiwa geuka, inamisha kichwa, tabasamu, huku maana ya uso wake ikiamuliwa na mwingine aliye nyuma ya kamera.

Ndiyo maana filamu ya kwanza aliyoiongoza, 36 Chowringhee Lane (1981), ambayo mswada wake aliuandika mwenyewe, inamchagua mtu ambaye hakuna anayemtazama. Violet Stoneham, aliyeigizwa na Jennifer Kendal, ni mwalimu mzee, chotara wa Kihindi na Kiingereza, anayefundisha Shakespeare na kuishi na paka wake. Mwanafunzi wake wa zamani na mchumba wa mwanafunzi huyo wanamzoea, kumbe wanachokitaka ni nyumba yake, wapate faragha anapokuwa kazini. Wakishaoana, hawana haja naye. Wakati wa Krismasi anawapelekea keki, akidhani hawapo. Anachungulia dirishani na kuiona sherehe imepamba moto. Pale dirishani, aliyepuuzwa ndiye mwenye macho, nasi tunalazimika kuona kutoka upande wake, nje, kwenye baridi. Filamu hiyo ilimpatia Sen Tuzo ya Taifa ya uongozaji bora.

Fedha za kuitengeneza zilitoka kwa Shashi Kapoor, nyota wa filamu kubwa za Bombay, aliyetumia mapato ya huko kugharimia kazi ambazo soko lisingezithubutu. Kwa hiyo tukiiita filamu hii «huru», neno hilo tulitumie kwa uangalifu. Filamu huru ya India ya miaka ile mara nyingi ilitegemea kipato cha sinema ileile iliyokuwa ikiikwepa. Uhuru wa Sen, kwa maoni yangu, tuutafute kwanza katika swali la nani anaamua kamera itulie wapi, na kwa muda gani.

Swali hilo linafika ukingoni katika Paroma (1985). Paroma, aliyeigizwa na Raakhee, ni mke, mama na mkazamwana wa nyumba kubwa ya Calcutta. Siku nzima anaitwa kwa undugu wake na watu, na jina lake mwenyewe hutajwa kwa nadra. Anafika mpiga picha kutoka ng'ambo, anavutiwa naye, anampiga picha, wanapendana. Kisha mwanamume anaondoka na kamera yake, na picha inarudi ndani ya jarida la kigeni, katika nyumba ile ile, mbele ya mume na wakwe. Aliyepiga hayupo kuulizwa. Aliyepigwa ndiye anayetengwa.

Familia inasubiri ajute, au angalau akubali kwamba ni mgonjwa. Paroma anasema hajioni ana hatia, na anataka kazi. Ilikuwa imepita miaka 25 tangu lile kopo la maji juu ya paa.