Safu ya Lugha: Kuchamba si kutawadha

Tangazo moja la vifaa vya bafuni linanadi "kiti cha kutawadha": kiti cha umeme kinachofungwa juu ya choo cha kukaa, fundi akikiunga na bomba la tangi na soketi, kikarusha maji ya vuguvugu. Hapana! Kutawadha, neno la asili ya Kiarabu, ni kutia udhu: uso, mikono hadi viwikoni, kupaka kichwa maji, miguu. Kujisafisha kwa maji baada ya haja ni kuchamba. Katika fikihi, istinjaa. Anayechamba bado hana udhu, kwa hiyo kuyachanganya maneno haya ni kumpotosha mnunuzi.

Wengine hukiita bideti. Kwa Kifaransa jina hilo lilikuwa la farasi mdogo, kisha likapewa beseni la kuchambia, maana nalo hukaliwa kwa kupanua miguu. Beseni hilo husimama peke yake, kando ya choo. Kiti cha umeme, kama Washlet ya Japani ya mwaka 1980, hufungwa chooni penyewe. Basi tuseme kiti cha kuchambia. Najua wapo wanaoona haya, hasa kwa kuwa kumchamba mtu ni kumtolea maneno makali. Lakini neno hili limo hadi katika methali zetu, na wazee hulitamka mbele ya watoto wanapowafundisha usafi.