Mafuta, Ngeu na Kitambaa: Historia ya Kukinga Nywele Dhidi ya Upepo katika Bonde la Ufa la Kati

Historia ya nywele katika Bonde la Ufa la kati, yaani eneo linaloanzia Naivasha, likapitia Gilgil, Elmenteita na Nakuru hadi kuteremka Baringo, haiwezi kuandikwa kama historia ya urembo peke yake, kwa sababu wakazi wa bonde hilo wamelazimika tangu zamani kukabiliana na hewa inayokausha nywele na upepo unaozikata kabla hazijarefuka. Mji wa Nakuru uko kwenye mwinuko wa takriban mita 1,850 juu ya usawa wa bahari, kati ya volkano ya Menengai upande wa kaskazini na ziwa la magadi upande wa kusini, na udongo wake mwingi umetokana na majivu ya volkano, ambayo ni mepesi na hupeperuka kwa urahisi mara mvua zinapokatika. Kuanzia Desemba hadi Machi jua huwa kali, hewa hukauka, na alasiri chamchela, yaani upepo wa kuzunguka unaonyanyua vumbi kama nguzo, huonekana mara kwa mara kwenye nyanda zilizo wazi. Karibu na Gilgil, huko Kariandusi, kuna mwamba mweupe wa diatomaiti, uliojengwa na mabaki ya mimea midogo mno ya ziwa la kale, na vumbi lake lina tabia ya kufyonza unyevu na mafuta kutoka kwa chochote linachokitulia.

Kinachoupata unywele katika mazingira hayo kinaeleweka vizuri. Kila unywele umefunikwa kwa magamba membamba yaliyolaliana kama vigae vya paa, na magamba hayo yakilala vizuri unyevu hubaki ndani, lakini yakiinuka unyevu hutoka na nyuzi hukwaruzana, zikafungana mafundo na kukatika. Nywele za kipilipili zina udhaifu wa ziada, kwa kuwa mafuta yanayotolewa na ngozi ya kichwa hayawezi kuteremka kwa urahisi katika mizunguko yake, hivyo ncha hukaa kavu hata pale mashina yanapong'aa. Jambo linaloitofautisha Nakuru na nchi nyingine kavu ni magadi. Maji ya Ziwa Nakuru yana magadi mengi sana, na kila ziwa liliporudi nyuma, kama lilivyofanya katikati ya miaka ya 1990, ufuo wake uligeuka uwanja mweupe ambao upepo uliusomba kuelekea mjini na mashambani. Na kwa kuwa magadi hulegeza na kuinua magamba ya unywele, vumbi hilo lilidhuru zaidi kuliko vumbi la kawaida. Tangu mwanzoni mwa miaka ya 2010 ziwa limefurika na kumeza sehemu kubwa ya ufuo huo, hata vijana wengi wa mji hawajaiona hali ambayo wazazi wao waliiishi.

Kinga ya kwanza ilitegemea mifugo. Uchimbaji wa akiolojia uliofanywa na Mary Leakey katika kilima cha Hyrax, nje kidogo ya mji, mwaka 1937 na 1938, na ule wa pango la Mto Njoro mwaka 1938, ulisaidia kufungua historia ya wafugaji wa kale ambao walikuwa wamekwisha kuenea bondeni takriban miaka 3,000 iliyopita. Kwa hiyo mafuta ya kondoo na ya ng'ombe yamekuwa mkononi mwa wakazi kwa muda wote huo, na haishangazi kwamba karibu kila jamii iliyokaa hapa baadaye iliyafanya msingi wa utunzaji wa mwili na nywele.

Wamaasai, waliolitawala bonde la kati katika karne ya 19, ndio waliofikisha ufundi huo kwenye kiwango cha juu kabisa. Mafuta ya mnyama yaliyeyushwa na kuchanganywa na ngeu, yaani udongo mwekundu wenye kutu ya chuma, ambao ulichimbwa katika sehemu kadhaa, mojawapo ikiwa Olkaria, kusini mwa Ziwa Naivasha. Kijana aliyekwisha kutahiriwa na kuwa morani aliacha nywele zikue, kisha morani mwenzake akazigawa katika mafungu madogo, akayasokota moja moja kati ya vidole na viganja, akiongeza nyuzi pale nywele zilipokuwa fupi, na kila fungu akalipaka mchanganyiko wa ngeu na mafuta kuanzia shina hadi ncha. Kilichobaki nyuma kilikusanywa kuwa mkia mrefu uliofungwa kwa ngozi, na mara nyingine ukakazwa kwa kijiti ili usipepee. Kazi hiyo ilichukua saa nyingi, na kwa kuwa hakuna mtu awezaye kuifanya vizuri kisogoni mwake mwenyewe, wamorani walihudumiana kwa zamu, jambo lililoimarisha ushirika wa rika lao.

Ukiuangalia ufundi huo kwa jicho la leo, kila hatua yake ina maana. Kusokota huzifanya nywele nyingi kuwa kamba moja, hivyo upepo haupati nyuzi za kupeperusha na kufunga mafundo. Mafuta mazito huziba njia ya unyevu kutoka. Na ngeu, ambayo majaribio ya kisayansi ya karne hii yameonyesha kwamba huzuia sehemu ya miale ya jua inayochoma ngozi, huongeza ganda la nje linalochukua vumbi badala ya unywele wenyewe. Waandishi wa Ulaya waliopita bondeni, akiwemo Joseph Thomson aliyefika Naivasha na Baringo mwaka 1883 na kuchapisha kitabu chake mwaka 1885, waliuona mwonekano wa wamorani kama ishara ya ukali na majivuno. Fahari ilikuwepo, lakini maelezo hayo yalipuuza akili ya kazi iliyokuwa mbele ya macho yao, na upungufu huo umerithiwa na vitabu vingi vya picha vilivyofuata.

Upande wa pili wa utamaduni huohuo ni wembe. Wanawake wa Kimaasai walinyoa vichwa na kuvipaka mafuta, na morani naye alinyolewa na mama yake katika sherehe ya eunoto, inayomtoa katika ujana wa kivita na kumwingiza katika hatua ya kuelekea uzee. Kunyoa kulikuwa na maana za kijamii zisizohusiana na hali ya hewa, lakini katika nchi yenye vumbi na maji machache kichwa kilichonyolewa na kupakwa mafuta kilikuwa pia suluhisho kamili, maana mafuta yale mazito hayaoshwi kwa maji matupu, na ganda la ngeu likishazeeka na kujaa vumbi halina dawa ila kukatwa na kuanza upya. Kaskazini zaidi, katika joto la Baringo, wazee wa Kipokot walitumia njia nyingine: nywele zilishikamanishwa kwa udongo wa mfinyanzi hadi zikawa kofia ngumu, ikapakwa rangi na kutobolewa vitundu vya kuchomeka manyoya, na kwa kuwa kofia hiyo ilikusudiwa kudumu kwa miezi, mwenyewe alilala akiegemeza shingo kwenye kigoda kidogo cha mbao ili kofia isiguse ardhi.

Ufundi uliotegemea mafuta ya mifugo na udongo wa mahali fulani haukuweza kubaki salama mahali hapo na mifugo hiyo vilipochukuliwa. Reli kutoka Mombasa ilifika Nakuru mwaka 1900, na mwaka 1904 mkataba ambao viongozi wa Kimaasai walitia alama ukawaondoa watu wao katika bonde la kati, wengine wakapelekwa Laikipia na wengine kusini. Mkataba wa pili wa mwaka 1911 ukawahamisha hata wale wa Laikipia. Malisho yaliyozunguka Nakuru, Njoro na Elmenteita yakawa mashamba ya walowezi, maarufu kati yao akiwa Lord Delamere. Mara nyingi mikataba hiyo huelezwa kwa hesabu ya ekari na ng'ombe, na ni haki iwe hivyo, lakini hasara yake iliingia pia katika mambo ya kila siku, kwa kuwa baadhi ya machimbo ya ngeu yaliyokuwa ndani ya nchi yao sasa yalikuwa nje ya hifadhi waliyotengewa, na morani aliyeitafuta alilazimika kupita katika ardhi ya mtu mwingine.

Nafasi ya Wamaasai kama wakazi wengi wa bonde ilichukuliwa na vibarua, hasa Wakikuyu pamoja na Wakipsigis, Wanandi na wengineo, waliojulikana kama maskwota, yaani wafanyakazi walioruhusiwa kulima kipande cha shamba la mlowezi na kufuga juu yake ili walipe kwa jasho lao. Wakikuyu walikuja na mbarika. Mbegu za mmea huo zilikaushwa na kukaangwa kidogo, zikatwangwa kwenye kinu hadi zikawa uji mzito, kisha zikachemshwa kwa maji mengi kwa muda mrefu. Mafuta yalipoelea yalienguliwa taratibu kwa kata, yakarudishwa motoni ili maji yaliyobaki yakauke, na yakahifadhiwa kibuyuni. Kuchemsha huko hakukuwa desturi tupu, kwa kuwa mbegu ya mbarika ina sumu kali ambayo joto huiharibu. Mafuta yanayopatikana ni mazito kuliko karibu mafuta mengine yote ya mimea, hayakauki upesi, na hung'ang'ania unywele hata penye upepo mkali. Zaidi ya hayo, mbarika humea kando ya njia na kwenye jalala bila kuhudumiwa, kwa hiyo mwanamke asiye na ardhi yake wala kondoo wake aliweza bado kupaka wanawe mafuta. Katika historia yote ya nywele za Nakuru, pengine hakuna kitu kilichowafaa maskini kuliko mmea huo.

Umuhimu wake ulionekana wazi pale walowezi walipoanza kupunguza mifugo ya maskwota. Kampeni ya miaka ya 1920, ambayo maskwota wenyewe waliiita kifagio, iliwafagilia mbali mbuzi na ng'ombe wengi, na sheria ya mwaka 1937 juu ya vibarua wakaazi ikawapa walowezi mamlaka zaidi ya kuweka kikomo cha mifugo na kuongeza siku za kazi. Familia iliyokuwa na kundi la mbuzi ilijikuta inanunua mafuta dukani kwa mshahara mdogo. Hapo ndipo duka la Mhindi lilipopata mteja wake: mafuta ya nazi yaliyoletwa kwa reli kutoka pwani, na baadaye mafuta ya mgando yanayotokana na petroli, ambayo Robert Chesebrough aliyapatia hataza nchini Marekani mwaka 1872. Mafuta ya mgando huziba unyevu vizuri sana, lakini hayauongezi, kwa hiyo yakipakwa kwenye nywele kavu huufungia ukavu ndani. Na yalipoandamana na sabuni ya kipande, ambayo kama magadi ya ziwa huinua magamba ya unywele, watu wengi walioga zaidi ya wazazi wao huku nywele zao zikikatika zaidi.

Kitambaa cha kichwa nacho kina historia yake. Misafara ya Waswahili iliyopita Naivasha na Baringo kutafuta pembe za ndovu katika karne ya 19 ilileta nguo na vilemba, na baada ya reli kufika, Waislamu waliokaa katika mitaa ya zamani ya mji, kama Bondeni, waliendeleza uvaaji wa leso na ushungi. Misheni zilihimiza wanawake wafunike vichwa kanisani. Hata hivyo, kilichokifanya kitambaa kuwa vazi la kila siku bondeni ni kazi ya shambani: mwanamke aliyechuma pareto kwenye miinuko ya Molo na Mau Narok, ambako upepo hauna kizuizi, alihitaji kufunga kichwa kuliko alivyohitaji kofia yoyote, na kitambaa kilekile kilitumika kama kata ya kubebea mzigo na kama kitu cha kujipangusia vumbi.

Baada ya uhuru mwaka 1963 wanawake wa mjini walipata njia iliyorudisha, bila wao kukusudia, kanuni ya wamorani. Kusuka kwa uzi kulimaanisha kugawa nywele katika mafungu, kisha kulizungushia kila fungu uzi mweusi kwa kukaza kuanzia shina hadi ncha, hata unywele usionekane kabisa. Ndani ya uzi huo nywele hazikwaruzani, hazipati vumbi, na hunyooka bila moto, tofauti na kichana cha chuma kilichopashwa juu ya jiko la makaa, ambacho kiliunguza magamba hayohayo yaliyopaswa kulindwa. Msusi aliyejua kazi yake alipaka mafuta kwanza na hakukaza sana kwenye paji la uso, kwa kuwa uzi uliokazwa kupita kiasi hung'oa nywele pale pale zilipo dhaifu.

Bonde lenyewe halijaishiwa malighafi. Mshubiri wa mwituni wa Baringo, ambao utomvu wake mchungu ulikuwa ukivunwa na kuuzwa nje, ulipata ulinzi kwa amri ya rais ya mwaka 1986 iliyopiga marufuku uvunaji wa mwituni, na juhudi za baadaye zikaelekezwa katika kuupanda ili utomvu na ute wake vitumike katika sabuni na mafuta ya nywele. Eunoto, pamoja na sherehe nyingine mbili za wanaume wa Kimaasai, iliingizwa na UNESCO mwaka 2018 katika orodha ya urithi unaohitaji kuokolewa haraka, kwa kuwa shule na ajira zimefupisha muda ambao kijana anaweza kukaa na nywele ndefu zenye ngeu. Mafuta ya mbarika sasa huuzwa katika chupa ndogo kwenye maduka ya vipodozi ya Nakuru, mara nyingi yakitoka nje ya nchi, ilhali mmea wenyewe bado unamea kando ya barabara za kaunti hiyo, na ujuzi wa kuutwanga, kuuchemsha na kuuengua umebaki kwa wanawake wazee ambao wachache wao wameombwa kuufundisha.